Fernanda Montenegro: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Tangu filamu ya Ainda Estou Aqui ilipoipatia Brazili Oscar yake ya kwanza ya filamu ya kimataifa, Machi 2025, swali moja limekuwa likijirudia midomoni mwa walioitazama: yule bibi mzee anayetokea mwishoni kabisa, hasemi neno hata moja, kisha anakuacha na donge kooni, ni nani? Ndiye huyu. Maswali mengine yamefuata hilo. Baadhi nimeyajibu kwa kirefu kwa sababu yana mengi ndani yake, na mengine kwa mkato.

Fernanda Montenegro ni nani?

Ni mwigizaji wa Brazili, aliyezaliwa Rio de Janeiro tarehe 16 Oktoba 1929. Alipanda jukwaani mwaka 1950, akaingia kwenye televisheni mwaka 1951 na kwenye sinema mwaka 1965. Kwao watu humwita Dona Fernanda, na hiyo "Dona" ni kama sisi tunavyotanguliza "Bi" tukimtaja mtu mzima wa kuheshimiwa.

Watazamaji wa nje ya Brazili huwa na kosa moja: humhesabu kuanzia 1998, mwaka wa filamu ya Central do Brasil, kana kwamba aliibuka tu akiwa bibi. Mwaka huo alikuwa na miaka 68, na karibu nusu karne ya kazi mgongoni. Ukiyasoma majibu ya hapa chini, hilo liweke akilini.

Montenegro ndilo jina lake la kuzaliwa?

Hapana, na wala halina uhusiano na ile nchi ya Ulaya. Alizaliwa Arlette Pinheiro Esteves da Silva. Baba yake alikuwa fundi makenika wa asili ya Kireno, na mama yake alitoka katika ukoo wa wahamiaji wa Sardinia, Italia. Walikaa vitongoji vya kaskazini mwa Rio. Huko ni kwa watu wa kipato cha chini wanaopanda treni alfajiri kwenda kazini. Zile fukwe za kwenye kadi za posta ziko mbali nako.

Jina la kazi alijitungia akiwa kijana redioni. "Fernanda" lilimvutia kwa sababu lilisikika kama la mhusika wa riwaya za karne ya 19. "Montenegro" alilitoa kwa daktari mmoja wa homeopathia aliyekuwa akisifiwa sana katika familia yao. Alilipachika kama mtu anayejaribu kofia dukani, likamkaa maisha yote.

Alianzia wapi?

Redioni. Akiwa bado binti wa shule aliingia Redio ya Wizara ya Elimu mjini Rio, akawa mtangazaji, mwigizaji wa michezo ya redio, na baadaye mtu wa kuzigeuza kazi za fasihi ziwe za kusikilizwa. Alikaa pale miaka kama kumi. Wakati huohuo alikuwa akifundisha Kireno kwa wageni katika shule ya lugha, na palepale naye akijifunza Kiingereza na Kifaransa.

Mimi naona shule yake kubwa ilikuwa pale redioni. Mtangazaji hana uso wala mikono, ana pumzi na silabi tu. Fumba macho umsikilize katika filamu yoyote. Hata kama hujui Kireno, utasikia kila neno limefika hadi mwisho wake, halimezwi.

Jukwaani aliingiaje?

Mwaka 1950 alicheza igizo lake la kwanza la kulipwa mjini Rio. Mmoja wa waigizaji wenzake alikuwa Fernando Torres. Wakaoana, wakafanya kazi pamoja, wakawa na watoto wawili: Cláudio Torres, ambaye ni mwongozaji wa filamu, na Fernanda Torres, ambaye tutamrudia. Fernando alifariki mwaka 2008.

Mwaka 1959 mume na mke hao, pamoja na Sérgio Britto, Ítalo Rossi na mwongozaji Mwitaliano Gianni Ratto, waliunda kundi lililoitwa Teatro dos Sete. Ni kundi hilo lililomwomba mwandishi Nelson Rodrigues awaandikie igizo. Akawapa O Beijo no Asfalto, lililopanda jukwaani mwaka 1961, la mtu anayembusu mwanamume aliyegongwa na gari akiwa anakata roho, halafu mji mzima ukamgeuka. Kwa Wabrazili kutaja Rodrigues na Montenegro pamoja ni sawa na kutaja pweza na nazi.

Ni kweli alikuwepo tangu siku za mwanzo za televisheni Brazili?

Ni kweli. Kituo cha TV Tupi kilifunguliwa Rio Januari 1951, na yeye alikuwa mwigizaji wa kwanza wa kike kupewa mkataba pale. Baadaye katika miaka hiyohiyo ya 50 kikaja kipindi cha Grande Teatro Tupi, ambapo kila wiki igizo zima lilirushwa moja kwa moja. Kanda za kurekodia hazikuwepo. Ukisahau mstari umesahau mbele ya nchi. Pazia la nyuma likianguka, limeanguka, na wewe unaendelea kusema mistari yako. Waigizaji walijifunza igizo jipya wakati la juzi halijawatoka kichwani, na kazi hiyo yote ikapotea hewani, kwa hiyo sisi wa leo hatuna namna ya kuiona.

Novela ni nini, na yeye amecheza zipi?

Novela ndiyo tamthilia ya televisheni ya Brazili: hurushwa karibu kila siku, huchukua miezi kadhaa, kisha huisha. Hilo la kuisha ni muhimu, haiburuzwi miaka. Msumbiji, ng'ambo tu ya Mto Ruvuma, watu wamezitazama novela hizi kwa miaka mingi bila tafsiri, kwa kuwa Kireno wanacho.

Montenegro alianza novela mapema miaka ya 60, lakini zilizomfanya mtu wa kila sebule ni za kituo cha Globo kuanzia 1981. Orodha ni ndefu, kwa hiyo nitataja mbili tatu.

Ya kwanza ni Guerra dos Sexos ya mwaka 1983, iliyoandikwa na Silvio de Abreu. Humo yeye ni Charlô, na mwenzake ni Paulo Autran, gwiji mwingine wa jukwaa, akicheza Otávio. Ni binamu waliowahi kupendana ujanani, sasa hawapikiki chungu kimoja, na wanalazimika kugawana urithi wa jumba na maduka. Kuna asubuhi wameketi mezani kunywa chai, meza imepambwa kama ya harusi, maneno yanaanza kupanda. Kisha chakula kinaanza kuruka. Wazee wawili wenye heshima zao, waliosomea Shakespeare na Beckett, wanapakana vyakula usoni na kichwani hadi hawatambuliki, na hakuna hata mmoja anayecheka wala kupoteza ile sauti ya kitajiri. Mbrazili yeyote aliyekuwa na televisheni mwaka ule atakusimulia onyesho hilo kama vile sisi tunavyosimulia goli.

Ya pili ni Belíssima ya 2005, ambamo ni Bia Falcão, bibi tajiri mwenye roho ya kutu. Alimcheza vizuri mno hadi watu wakafurahia kumchukia.

Ya tatu ina swali lake, hapo chini.

Kwa nini filamu yake ya kwanza ilichelewa hadi 1965?

Jukwaa lilikuwa limemshika. Filamu hiyo ni A Falecida, maana yake Marehemu, ya mwongozaji Leon Hirszman kutoka igizo la Nelson Rodrigues. Anacheza Zulmira, mwanamke maskini wa kitongojini Rio ambaye ndoto yake kuu ni kuzikwa kifahari: jeneza la thamani, farasi, majirani waone wivu. Ukiisikia hivi unaweza kucheka. Ukimwona amesimama kwenye mvua uani, amefumba macho, maji yanamtiririka usoni, kicheko kinakauka.

Pamoja na Hirszman alirudi mwaka 1981 katika Eles Não Usam Black-Tie, na hapa naomba nikae kidogo.

Onyesho la maharage ni lipi, na kwa nini linatajwa sana?

Eles Não Usam Black-Tie ni habari ya familia ya wafanyakazi wa kiwandani São Paulo wakati wa mgomo. Baba, Otávio, ni mwanaharakati wa chama cha wafanyakazi. Kijana wao Tião, ambaye mchumba wake ana mimba, anaogopa kupoteza kazi na anauvunja mgomo. Nyumba inapasuka katikati. Montenegro ni Romana, mama. Baba anachezwa na Gianfrancesco Guarnieri, ambaye ndiye aliyeliandika igizo lenyewe, na mwaka 1958 lilipochezwa jukwaani kwa mara ya kwanza yeye ndiye aliyekuwa Tião. Miaka ishirini na kitu baadaye amerudi kama baba wa kijana aliyemuumba.

Mwishoni rafiki wa familia ameuawa, mwana amefukuzwa nyumbani. Usiku, mume na mke wako mezani jikoni. Romana anamwaga maharage na kuanza kuyachambua, kwa sababu kesho watu watakula hata kama leo wamelia. Mzuri huku, mbovu na vijiwe kule. Mume anaketi, naye anaanza kusaidia. Hakuna anayesema. Unachosikia ni maharage tu yakigonga. Machozi yanamtoka na vidole havisimami. Punje moja, punje nyingine. Kisha mikono yao inakutana juu ya zile punje.

Sidhani kuna haja ya kumfafanulia msomaji wa Kiswahili maana ya mwanamke anayechambua maharage usiku wa msiba. Filamu ilipata Tuzo Maalumu ya Majaji kwenye tamasha la Venice mwaka huohuo.

Central do Brasil inahusu nini?

Dora, mwalimu mstaafu, ameweka meza ndogo katika kituo kikuu cha treni cha Rio na kuwaandikia barua watu wasiojua kusoma. Wanamwambia ya moyoni: mke anayemwita mume arudi, mama anayemtafuta mwana, kijana mwenye mapenzi. Yeye anapokea fedha, anaandika, anakwenda nyumbani, na jioni pamoja na jirani yake anazisoma barua zile kama mchezo, nyingine akizichana, nyingine akizitupa kwenye mtoto wa meza. Haendi posta. Ni mtu mbaya, tena mbaya wa kawaida, yule wa kukutana naye kwenye foleni.

Mmoja wa wateja wake, mama aliyekuja na kijana wake Josué wa miaka tisa, anagongwa na basi nje ya kituo. Mtoto anabaki peke yake. Dora anamchukua, halafu anamuuza, na fedha zile ananunua televisheni mpya. Usiku usingizi unakataa. Anakwenda kumwiba alikomuuza, na wawili hao wanaanza safari ya mabasi na malori kuelekea nyika kame za kaskazini-mashariki kumtafuta baba wa mtoto.

Mambo mawili ya nyuma ya kamera yanafaa kujulikana. Vinícius de Oliveira, aliyemcheza Josué, alikuwa mtoto mng'arisha viatu ambaye mwongozaji Walter Salles alikutana naye uwanja wa ndege wa Rio, hajawahi hata kuigiza. Na meza ya Dora ilipowekwa kituoni, watu halisi waliokuwa wakipita walikaa wakaanza kumsimulia barua zao, wakidhani ni mwandishi kweli. Baadhi ya nyuso unazoziona mwanzoni ni za watu hao. Montenegro akaandika. Mwigizaji aliyekwishacheza maigizo makubwa ya dunia anaketi kituoni na kuandika barua ya mtu asiyejua kwamba hiyo ni filamu. Fikiria uzito wa kalamu ile.

Mwishoni kuna rangi ya mdomo, basi la alfajiri, barua ya mwisho ambayo safari hii ni ya Dora mwenyewe, na picha ndogo ndani ya kidude cha plastiki cha kuchungulia. Zaidi ya hapo sisemi.

Je, alinyimwa Oscar?

Filamu ilishinda Dubu wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Berlin, Februari 1998, na yeye akapata Dubu wa Fedha wa mwigizaji bora wa kike. Mwaka uliofuata aliteuliwa kuwania Oscar ya mwigizaji bora wa kike, Mbrazili wa kwanza kufika hapo, na kwa filamu ya Kireno. Waliowania naye walikuwa Cate Blanchett, Meryl Streep, Emily Watson na Gwyneth Paltrow. Akashinda Paltrow, kwa Shakespeare in Love.

Brazili haijasahau. Mtaje Paltrow kwenye meza ya chakula São Paulo uone. Hata Glenn Close, mwigizaji wa Marekani, alisema hadharani mwaka 2020 kwamba tuzo ile haikumwingia akilini. Maoni yangu? Shakespeare in Love ilipigiwa kampeni kubwa sana mwaka ule, na mwigizaji wa miaka 69 anayezungumza Kireno hakuwa na bahati hiyo. Ila wanaolia hadi leo wanamfanya aonekane kama mtu aliyekosa kitu. Yule aliyekwishavuka miaka ya Grande Teatro Tupi bila hata kanda ya ukumbusho hakuwa akisubiri sanamu kutoka California.

Watu wanamchanganya na binti yake. Yupi ni yupi?

Fernanda Torres, aliyezaliwa 1965, ndiye binti. Naye si wa kubebwa na jina la mama: mwaka 1986, akiwa na miaka 20, alishinda tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwenye tamasha la Cannes kwa Eu Sei Que Vou Te Amar. Maji hufuata mkondo.

Katika Ainda Estou Aqui wote wawili wanamcheza mtu mmoja, Eunice Paiva. Mume wake Rubens, aliyewahi kuwa mbunge, alichukuliwa nyumbani kwao Rio na askari wa utawala wa kijeshi Januari 1971, akauawa, asirudi hata mwili. Eunice akasomea sheria na kudai ukweli miongo kwa miongo. Binti anamcheza katika miaka ya mapambano. Mama anaingia mwishoni, Eunice akiwa mzee mwenye ugonjwa wa Alzheimer, ameketi kwenye kiti cha magurudumu huku familia ikipiga soga pembeni. Televisheni inaonyesha sura ya mume wake. Tazama macho yanavyoanza kurudi kutoka mbali.

Mwongozaji ni Walter Salles yuleyule. Januari 2025 Torres alishinda Golden Globe, tuzo ambayo mama yake aliiwania robo karne kabla, na jukwaani akaitoa kwa mama yake. Aliteuliwa pia kwa Oscar, akaikosa kama mama. Filamu yenyewe ikaichukua ile ya kimataifa.

Waliwahi pia kucheza pamoja katika Casa de Areia ya 2005, katikati ya vilima vya mchanga vya jimbo la Maranhão. Mwongozaji alikuwa Andrucha Waddington, mume wa Torres. Ni biashara ya familia, kama duka.

Amewahi kujiingiza katika siasa?

Cheo amekikataa. Mwaka 1985, utawala wa kijeshi ulipoisha, Rais José Sarney alimtaka awe Waziri wa Utamaduni, akasema hapana, kazi yake iko jukwaani.

Kunyamaza ni jambo jingine, na hilo hajalifanya. Mwaka 2019, ufadhili wa sanaa ulipokuwa ukibanwa, alikubali kupigwa picha ya jarida akiwa amevaa kama mchawi aliyefungwa tayari kuchomwa, chini yake rundo la vitabu. Ofisa mmoja wa serikali wa mambo ya sanaa akamtukana hadharani, na waigizaji wa nchi nzima wakasimama upande wake.

Ni nini kilitokea katika Babilônia?

Hii ndiyo ile novela ya tatu. Sehemu yake ya kwanza ilirushwa 16 Machi 2015. Montenegro na Nathalia Timberg, wote wakiwa na miaka 85, walicheza wapenzi walioishi pamoja miaka mingi, na wakabusiana. Busu fupi la wazee wawili. Wabunge wa kundi la kiinjili wakatoa tamko la kulaani na kutaka watu waigomee. Novela ilipoteza watazamaji, kwa sababu hiyo na nyingine pia, maana hadithi yenyewe haikuwa imekaa sawa.

Ana tuzo gani nyingine kubwa?

Mwaka 2013 alishinda Emmy ya Kimataifa ya mwigizaji bora wa kike kwa filamu ya televisheni Doce de Mãe, Mbrazili wa kwanza kuipata, akicheza bibi mchangamfu anayewahangaisha wanawe. Nchini kwake ana tuzo nyingi mno kuziorodhesha. Agosti 2016, kwenye ufunguzi wa Olimpiki ya Rio, alisoma shairi la Carlos Drummond de Andrade, na mwigizaji Mwingereza Judi Dench akalisoma kwa Kiingereza.

Mwigizaji anaingiaje katika Chuo cha Fasihi?

Academia Brasileira de Letras ni baraza la watu 40 lililoanzishwa 1897, na rais wake wa kwanza alikuwa mwandishi Machado de Assis. Kiti ni cha maisha. Novemba 2021 Montenegro alichaguliwa kukalia kiti namba 17, akaapishwa Machi 2022, mwigizaji wa kwanza wa kike kuingia. Wapo waliouliza ameandika nini. Kuna kitabu cha kumbukumbu za maisha yake, cha 2019, lakini hilo si jibu zuri. Jibu zuri ni kwamba maneno ya Nelson Rodrigues, ya mshairi Adélia Prado, ya mwanafalsafa Mfaransa Simone de Beauvoir, Wabrazili wengi waliyasikia kwanza kupitia mdomo wake.

Alistaafu lini?

Swali hili hunichekesha. Agosti 2024, ikiwa imebaki miezi miwili atimize 95, aliketi mbele ya maelfu ya watu katika bustani ya Ibirapuera, São Paulo, akasoma maandishi ya de Beauvoir. Watu walikaa kwenye nyasi, kimya. Machi 2025 ikatoka Vitória, filamu ambayo yeye ndiye mhusika mkuu: bibi wa Copacabana, mtaa wa Rio, anayenunua kamera na kuwarekodi kupitia dirishani kwake wauza dawa za kulevya na polisi wanaoshirikiana nao. Ni kisa cha kweli.

Nianze na filamu ipi?

Central do Brasil, halafu Ainda Estou Aqui. Ukipenda vichekesho, O Auto da Compadecida ya 2000, ambamo yeye ni Bikira Maria anayemtetea tapeli wa kijijini na wafu wenzake mbele ya mahakama ya mbinguni, na anafanya hivyo kama shangazi anayejua kabisa kwamba mpwa wake ni mwongo. Eles Não Usam Black-Tie iache ya mwisho, na usiitazame kwenye simu ndani ya daladala. Yale maharage yanahitaji kimya, uyasikie.